Huna mtoto pale? Bado unaweza kuipeleka shule kortini

Kuna swali moja linaloweza kuzima mkutano wowote wa shule kuanzia Othaya hadi Nanyuki. Mtu anasimama, anauliza pesa za maabara zilienda wapi, ama mbona madirisha ya bweni yamewekwa vyuma. Mwenyekiti anakohoa. Anamwangalia kutoka viatu hadi kofia. Halafu analiachilia: "Kwanza wewe ni nani? Uko na mtoto hapa?" Kama huna, umeisha. Watu wanacheka kidogo, unaketi, ajenda inasonga hadi soda na mkate.

Hilo swali limenichosha, lakini sitakudanganya kwamba ni la kijinga. Ni swali la kisheria kabisa. Mawakili wana jina lake la Kilatini, locus standi, na maana yake ni ya kawaida tu: una mahali pa kusimama mbele ya jaji ama huna? Ukikosa mahali pa kusimama, jaji hafiki hata kwa malalamishi yako. Haijalishi pesa zililiwa. Haijalishi mtoto alipigwa. Unaambiwa hayakuhusu, rudi nyumbani.

Mimi si wakili. Chuo chenyewe niliacha karo iliponishinda. Lakini Katiba iliandikwa isomwe na watu, na hukumu za mahakama zetu ziko wazi kwa yeyote mwenye bando. Nimezisoma usiku kadhaa hapa Ruring'u, na nilichokuta ni kwamba jibu la swali la mwenyekiti lilibadilika mwaka wa 2010. Wenyeviti wengi hawajaambiwa. Wewe je, uliambiwa?

Tuanze na mtu wetu, Wangari Maathai wa Ihithe, pale Tetu. Unamjua kwa miti na kwa Tuzo ya Nobel ya 2004. Pengine hujui kwamba aliwahi kufukuzwa kortini. Mwaka wa 1989, kampuni ya gazeti la Kenya Times, gazeti la chama tawala KANU, ilitaka kusimamisha jumba la ghorofa 60 ndani ya bustani ya Uhuru Park, Nairobi. Maathai akaenda Mahakama Kuu kuomba ujenzi usimamishwe. Jaji hakufika hata kwa nyasi za bustani. Alichosema, kwa ufupi, ni kwamba mama huyu hajaonyesha hasara yake binafsi inayozidi ya Mkenya mwingine yeyote, na kama kuna kosa dhidi ya umma, wa kushtaki kwa niaba ya umma ni Mwanasheria Mkuu.

Hebu ifikirie hiyo. Chama kinachotawala ndicho kinataka kujenga. Mwanasheria Mkuu ni wa serikali ya chama hicho hicho. Ati yeye ndiye aamke asubuhi akaishtaki. Ni kama kumwambia kuku apeleke kesi ya vifaranga kwa mwewe. Jumba lile lilikufa baadaye kwa sababu kelele za Maathai zilifika ng'ambo na wenye pesa wakajitoa. Korti haikulizuia.

Hiyo ndiyo sheria wazazi wetu waliishi nayo. Ukiichukua uipeleke shuleni inakuwa hivi: bodi ikila pesa za wote, hakuna mmoja anayeweza kulalamika, kwa sababu wote wameumia sawasawa. Kadiri wizi unavyokuwa mkubwa, ndivyo kila mtu anavyozidi kukosa miguu. Maze.

Na kabla ya hapo hali ilikuwa mbaya zaidi. Ukiwa na shida na usimamizi wa shule ya misheni pande hizi miaka ya ukoloni, hukuwa na jaji wa kumwendea. Mwaka wa 1929, ugomvi wa tohara ya wasichana ulipolipuka kati ya makanisa na Wakikuyu, wazazi wengi walitoa watoto kwenye shule za misheni na kujenga zao, zile za KISA na za Karing'a. Serikali ya kikoloni ilikuja kuzifunga wakati wa Hali ya Hatari, baada ya 1952. Sitetei jambo waliloanza kugombania. Ninachotaka uone ni gharama: ili uwe na sauti kwenye shule, ilibidi ukate mawe ujenge shule nyingine.

Sasa fungua Katiba, Kifungu cha 22. Kinasema kila mtu ana haki ya kwenda mahakamani akidai kwamba haki ya kimsingi imenyimwa, imevunjwa au inatishiwa. Halafu kinataja wanaoweza kwenda, mbali na yule aliyeumia mwenyewe: mtu anayemwakilisha mwingine asiyeweza kujisimamia, mtu anayekwenda kwa niaba ya kundi, chama kinachokwenda kwa niaba ya wanachama wake, na mtu yeyote anayekwenda kwa maslahi ya umma. Kifungu cha 258 kinarudia mambo hayo hayo kwa Katiba nzima.

Soma hapo pa maslahi ya umma mara mbili. Hakuna mahali pameandikwa "awe mzazi". Hakuna "awe mkazi wa lokesheni". Unaweza kuwa fundi wa viatu pale stejini Karatina, huna mtoto, huna hata mpango wa mtoto, na ukaenda Mahakama Kuu Nyeri kuuliza kuhusu shule unayopita kila asubuhi. Mahakama ya Rufaa ililisema wazi mwaka wa 2013 katika kesi ya Mumo Matemu, iliyohusu uteuzi wa mkuu wa tume ya kupambana na ufisadi: mahakama haiwezi kumwekea mtu vizingiti vya kuingia, isipokuwa kesi yake iwe ya kubuni tu, ama awe anaitumia korti vibaya. Kwa hivyo kama shida yako ni kwamba ulikosa tenda ya maharagwe, usijifunike blanketi ya maslahi ya umma. Jaji atanusa.

Na hapo pa "inatishiwa" usipite mbio. Maana yake si lazima ungoje jambo litokee.

Sisi watu wa Nyeri hatuhitaji kuelezwa kwa nini hilo ni muhimu. Mwaka wa 1999, viranja wanne wa Nyeri High walikufa baada ya vyumba vyao kuchomwa usiku. Septemba 2024, moto katika bweni la Hillside Endarasha kule Kieni uliua wavulana 21. Sitasema hapa nani alikosea nini Endarasha. Hiyo si kazi yangu. Ila kuna mwongozo wa usalama wa shule wa Wizara ya Elimu, wa mwaka wa 2008, na unasema mambo ambayo hata mtoto wa darasa la nne angeelewa. Madirisha ya bweni yasiwe na vyuma. Milango ifunguke kwa nje, na isifungwe kwa nje watoto wakiwa ndani. Kati ya kitanda na kitanda pawe na angalau mita 1.2. Sasa tembea kijijini kwenu uhesabu madirisha. Kama unaona vyuma, unaona haki ya mtoto ya kuishi ikitishiwa, na Katiba inasema unaweza kuliuliza hilo leo, kabla ya moto. Iwe shule ya umma iwe ya kibinafsi, maana Kifungu cha 20 kinasema haki hizi zinamfunga kila mtu, si serikali peke yake.

Kuna wale watasema, sawa, lakini kwa nini mtu wa nje? Si wazazi wako?

Wazazi wako, ndiyo. Nikupe mfano wa mzazi. Shule niliyosoma (jina liache) ilitutoza pesa za basi tangu kidato cha kwanza. Kila muhula, kwenye karatasi ya karo, mstari wa basi upo. Nimemaliza kidato cha nne sijawahi kuona hata tairi. Likizo moja nikamwambia mathe aulize kwenye mkutano. Alikuwa anapanga nyanya, hata hakuinua kichwa.

"Nani aulize? Mimi?"

"Si ni pesa zako, mathe."

"Pesa ni zangu, lakini wewe ndio uko kwao. Nikiuliza, ni wewe watauliza. Nyamaza umalize shule."

Mathe si mwoga. Amewahi kumfukuza kanjo na ndoo. Lakini alikuwa amepiga hesabu sahihi: mzazi mwenye mtoto ndani ya shule ameacha rehani. Mtoto atatumwa nyumbani kwa kosa dogo, atapewa barua ya mwenendo mbaya, atakosa kupendekezwa kwa chochote. Yule sheria ya zamani ilimwona kuwa na haki zaidi ya kulalamika ndiye hasa hawezi kulalamika. Ndiyo maana huyu mtu wa nje ni wa maana sana, huyu ambaye mwenyekiti anamcheka. Yeye hana rehani.

Halafu kuna Isiolo. Hapa nataka ukae kidogo, kwa sababu hii kesi ilipita hapa kwetu Nyeri na inafunza kitu ambacho Kifungu cha 22 chenyewe hakikuambii.

Shule inaitwa St Paul's Kiwanjani, shule ya upili ya kutwa, ya wavulana na wasichana, mfadhili wake ni Kanisa la Methodist. Juni 2014, naibu gavana wa Isiolo wa wakati huo aliomba wasichana Waislamu waruhusiwe kuvaa hijabu na suruali nyeupe pamoja na sare. Shule ikakataa, vurugu zikatokea, na maafisa wa elimu wa kaunti wakaruhusu vazi hilo. Kanisa halikukubali. Likaenda Mahakama Kuu ya Meru, likasema kuwaruhusu baadhi ya wanafunzi kuvaa tofauti ni kuwabagua wengine.

Angalia nani yuko kortini mpaka hapo. Mlalamishi ni kanisa. Wanaoshtakiwa ni Tume ya Huduma kwa Walimu, TSC, na maafisa wa elimu. Wasichana wenyewe hawapo. Wazazi wao hawapo. Kesi ni kuhusu vichwa vyao, na wao wako nje ya mlango.

Mzazi mmoja Mwislamu akaona hapana. Akaomba kuingizwa kwenye kesi kama mhusika mwenye maslahi, akakubaliwa. Akishaingia, ndani ya kesi hiyo hiyo ya kanisa, akaweka ombi lake mwenyewe: kwamba kuwakataza wasichana hijabu ni kuvunja uhuru wao wa dini. Machi 2015 jaji wa Meru akalipa kanisa ushindi, na ombi la mzazi akaliona halikuletwa inavyofaa.

Mzazi akakata rufaa, na rufaa ikasikizwa Nyeri. Majaji walikuwa watatu, Waki, Nambuye na Kiage. Septemba 7, 2016 wakapindua kila kitu. Walisema kulazimisha sare moja bila nafasi ya kumwachilia mtu kwa sababu ya dini yake kunaweza kuonekana kama usawa, kumbe ni ubaguzi unaopitia mlango wa nyuma. Wakaiagiza bodi ya shule ianze mashauriano na kurekebisha kanuni zake.

Ungedhani imeisha. Kanisa likapanda hadi Mahakama ya Juu, na Januari 2019 Mahakama ya Juu ikaitupa hukumu ya Nyeri. Sababu ndiyo nataka ushike. Majaji wengi hawakusema hijabu ni mbaya. Walisema mzazi huyu aliingia kama mhusika tu, na mhusika hawezi kuanzisha kesi yake ndani ya kesi ya mwingine. Suala lenyewe ni zito, wakasema, na anayetaka liamuliwe alilete upya kwa njia inayofaa, kuanzia Mahakama Kuu. Jaji Ojwang peke yake ndiye alikataa kukubaliana na wenzake.

Ukipanda matatu ya Karatina hapa Nyeri, unaweza kushuka njiani, unaweza hata kubishana na makanga kuhusu chenji. Huwezi kumwambia dereva akate kona akupeleke Mweiga. Hiyo ruti si yako. Mzazi wa Isiolo alikuwa na safari halali kabisa, na hakuna aliyemwambia hana miguu. Shida ni gari alilopanda.

Sasa piga hesabu nyingine. Msichana aliyekuwa kidato cha kwanza pale Kiwanjani mwaka wa 2014 alifanya mtihani wa kidato cha nne mwaka wa 2017. Mahakama ya Juu iliposema "leteni upya", yeye alikuwa ameshatoka shuleni zaidi ya mwaka mzima. Sijui kama kuna namna baridi zaidi ya kushindwa: kuambiwa baada ya miaka minne na nusu kwamba swali lako ni zuri, ila fomu siyo.

Linganisha na kesi ya Olympic High, Kibera, ya mwaka huo huo wa 2019. Msichana wa familia ya Kirasta alifika kidato cha kwanza na rasta zake, shule ikamtuma nyumbani azinyoe. Baba yake hakungoja mtu mwingine ashtaki. Alifungua ombi lake mwenyewe, kwa niaba ya mtoto, na kila mahali kwenye hukumu mtoto ametajwa kwa herufi tu. Mahakama iliagiza arudi darasani kesi ikiendelea, na Septemba 13 Jaji Mwita akaamua kwamba shule ilivunja haki yake. Mtoto yule alisoma huku kesi yake ikisomwa. Dini yake na ya wasichana wa Isiolo si moja, najua, na mashtaka hayalingani kwa kila kitu. Lakini baba huyu alikuwa dereva, hakuwa abiria.

Kwa hivyo ukiniuliza, la kwanza ni hilo: kama una malalamishi yako, fungua kesi yako. Usisubiri kanisa ama muungano wa walimu ufungue ili udandie.

La pili linachosha zaidi, na ndilo huangusha kesi nyingi kabla hazijasikizwa. Hata ukiwa na miguu, korti itakuuliza umepitia wapi. Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 imeweka ngazi zake. Chini kabisa ni Bodi ya Usimamizi, ile tunaita BOM. Juu yake kuna Bodi ya Elimu ya Kaunti, na asiyeridhika na uamuzi wa kaunti anaweza kwenda kwa jopo la rufaa za elimu lililotajwa kwenye kifungu cha 93. Sheria nyingine ya 2015, inayohusu haki katika maamuzi ya kiutawala, inamwambia jaji asiguse jambo kama ngazi hizo hazijapandwa. Kuna nafasi ya kuruka ngazi ukimwonyesha jaji sababu ya kipekee, tuseme mtoto yuko nje ya darasa na mtihani ni wiki ijayo. Lakini usiende ukidhani kila hasira yako ni ya kipekee. Andika barua kwa BOM kwanza. Wakikupuuza, hiyo barua iliyopuuzwa ndiyo ushahidi wako wa kwanza.

Ijue pia hiyo BOM, kwa sababu kwa kawaida ndiyo utaishtaki. Shule yenyewe ni majengo tu. Sheria inasema wazazi wana viti sita vya kuchaguliwa. Mfadhili, ambaye pande hizi mara nyingi ni PCEA, Katoliki ama Anglikana, ana vitatu. Waliobaki ni mmoja wa walimu, mmoja wa bodi ya kaunti, mmoja wa makundi maalum na mmoja wa watu wenye mahitaji maalum. Sita kwa tatu. Halafu unaingia shule unakuta mfadhili ndiye anaamua nani awe mwalimu mkuu na hao sita wanatikisa vichwa. Kwenye sheria, kazi ya mfadhili ni kushauri mambo ya kiroho, kuchangia maoni kuhusu mtaala na kusaidia kwa fedha na majengo, tena akilinda dini ya wasio wake. Kuajiri na kuhamisha walimu ni kazi ya TSC kwa mujibu wa Kifungu cha 237 cha Katiba. Ndiyo maana yale maandamano ya matawi barabarani, "mwalimu mkuu aende", hata yakiwa na haki, hayana jaji wa kuyasaidia kirahisi. Korti haitakuchagulia mwalimu mkuu. Korti itauliza kama sheria ilifuatwa, basi.

Kuhusu pesa za ziada, sheria ni kali kuliko watu wanavyodhani. Shule ya umma haiwezi kubuni ada tu. Inahitaji idhini ya Waziri, na hata ikipewa, hakuna mtoto anayefaa kufukuzwa kwa kutolipa ada hizo. Na yeyote anayekusanya lazima atoe risiti rasmi. Risiti. Si daftari la mweka hazina, si "tumeona M-Pesa yako".

Unauliza gharama. Kifungu cha 22 kinasema hakuna ada ya kuanzisha kesi ya aina hii, na kwamba taratibu ziwe nyepesi. Kanuni alizotoa Jaji Mkuu Willy Mutunga mwaka wa 2013 zilikwenda mbali zaidi: korti inaweza kupokea barua ya kawaida, hata maelezo ya mdomo, bora ionekane haki gani imevunjwa. Usichukulie kwamba barua ya hasira inatosha. Tangu 1979 majaji wanataka useme bila kuzunguka ni kifungu gani, kimevunjwa vipi, na nani. Ukienda na "shule imeoza" utarudi na "shule imeoza" yako. Na ukishindwa, jaji anaweza kukutoza gharama za upande wa pili. Kwenye kesi za maslahi ya umma mara nyingi huamua kila mtu abebe zake, ila hiyo ni hiari yake, si ahadi. Ongea kwanza na watu wa msaada wa kisheria. Kuna Kituo cha Sheria, na kuna huduma ya taifa iliyoundwa na Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2016.

Kuna kitu cha kufanya hata kabla ya haya yote, na huhitaji wakili. Kifungu cha 35 kinampa kila raia haki ya kuomba habari iliyo mikononi mwa serikali, na BOM ya shule ya umma inashika pesa za umma. Chukua karatasi moja. Andika jina lako na nambari ya simu. Omba nakala ya bajeti ya mwaka, idhini ya Waziri ya kila ada ya ziada, na ripoti ya mwisho ya ukaguzi wa usalama wa mabweni. Sema unaomba chini ya Kifungu cha 35 na Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016. Sheria hiyo haikutaki ueleze sababu yako. Wana siku 21 za kujibu. Kama habari inahusu uhai wa mtu, ni saa 48. Wakinyamaza, unapeleka malalamishi kwa Tume ya Haki ya Utawala, ile watu wanaita Ombudsman.

Peleka nakala mbili ofisini kwa mwalimu mkuu. Moja wabaki nayo. Ya pili karani aigonge muhuri wenye tarehe, urudi nayo nyumbani, uiweke mahali mvua haifiki.